Kovu la Chiriku

Siku ilianza vizuri tu. Msusi alifungua saluni yake, akafagia mlangoni, akachemsha chai, na mdogo wake akaingia akiendelea na hadithi aliyoianza jana. Huyo mdogo walimwita Chiriku, na jina lilimkaa, maana mdomo wake haukuwa na breki. Wapo wateja waliokuja kusukwa hali nywele zao bado nzuri, ili wamsikie tu.

Saluni ilikuwa chumba kimoja chenye kioo cha ukuta mzima, na nyuma yake stoo ndogo isiyo na dirisha. Kutwa nzima ndugu hao walisimama bega kwa bega nyuma ya vichwa vya watu, macho kwenye kioo. Humo ndimo walimotazamana, humo ndimo walimokonyezana mteja akizidisha maringo. Jioni Chiriku alifunga kilemba akaenda kwa mama yao, naye msusi akaenda kwa mumewe.

Kilemba alikianza alipoungua. Kitana cha moto kilimponyoka kikamgusa juu ya nyusi, na lilipobaki kovu akaapa kwamba watu wa barabarani hawatalionja hata kwa macho. Alivua kilemba kwa mama yao na saluni tu; saluni alisimama mbele ya kioo, akajipaka mafuta huku akijicheka mwenyewe.

Sasa ile stoo. Ilianza na mkasi. Msusi aliutoa humo asubuhi moja, ukagoma kukata. Ulikuwa wake, una alama yake ya rangi ya kucha, ila makali yamepishana kinyume, na ulikata tu aliposhika kwa mkono wa kushoto. Ikafuata taulo, ua lililotariziwa pembeni limehamia pembe ya pili. Kisha chupa ya shampuu ikatoka na maandishi yamegeuka.

"Irudishe," Chiriku alisema. "Hii imekosea nyumba."

Msusi akairudisha, akafunga mlango, akafungua. Chupa yao ilikuwa pale pale, maandishi sawasawa. Walicheka mpaka wakakaa chini. Tangu hapo ukawa mchezo wao: kikitoka kitu kimegeuka, kirudishwe, funga, fungua, na chao kinarudi. Hawakumwambia mtu. Mazoea yana taabu, hata maajabu ukiyazoea unayaona kama ufagio. Ila kuna swali lililomkaa msusi kooni asilimeze wala kulitema. Kama taulo huenda na kurudi, mtu je?

Siku hiyo, baada ya mchana, saluni ilikuwa tupu. Taulo ziliisha. Chiriku akaingia stoo kuchukua nyingine, huku anaimba, na mlango ukajifunga nyuma yake kwa upepo.

Wimbo ukakatika.

Msusi akaweka kitana chini. Akausogelea mlango. Kabla hajaushika, ukafunguka, na Chiriku akatokea na taulo mkononi, kichwa wazi. Walikuwa uso kwa uso. Msusi akatazama kovu.

Lilikuwa upande wa mkono wa kushoto wa msusi.

Alilijua kovu lile. Kila siku alilitazama, na kila siku lilikuwa upande wa mkono wake wa kulia. Sasa limehama, kama ua la taulo.

"Dada, mbona unanitazama hivyo?"

"Wewe si mdogo wangu."

Chiriku akatabasamu akidhani ni utani. Kisha akaona macho ya dada yake. "Ni mimi, dada."

"Najua ni wewe. Ila si wa huku." Msusi alikuwa ananong'ona. "Rudi ndani mara moja tu. Wangu yuko huko peke yake."

"Dada, naogopa."

"Na yeye anaogopa."

Akamsukuma. Chiriku alishika mwimo wa mlango kwa vidole vyote, na msusi akavibandua kimoja kimoja. Msusi mwenyewe alikuwa analia. Akafunga, akaegemea mlango kwa mgongo. Ndani kukagongwa. Kukagongwa tena. Kisha kimya.

Akafungua.

Msichana alisimama gizani, taulo mkononi. Kovu liko upande wa mkono wa kulia wa msusi, kama alivyolizoea. Msusi akamkumbatia, akamwomba radhi, akamfuta uso kwa khanga yake. Msichana hakujibu neno. Msusi akasema moyoni, ni hofu, itampita.

Muda si mrefu akaingia mteja, mwanamke mpole aliyetaka mistari ya kawaida. Wakasimama nyuma yake bega kwa bega, kama siku zote. Msusi akachambua nywele, akainua macho kwenye kioo.

Kovu lilikuwa kushoto.

Akamgeukia msichana, kovu kulia. Akatazama kioo, kushoto. Hapo akaelewa. Kioo hugeuza. Tangu siku ya kuungua, lile kovu hakuwahi kuliona pengine ila kwenye kioo. Aliyetoka stoo na taulo alikuwa Chiriku wake. Hakuna kilichokuwa kimebadilika, mpaka alipombandua vidole.

Utasema, mtu na ndugu yake wa tumbo moja, atamkosaje? Sema. Msusi mwenyewe amelisema mpaka sauti imemkauka.

Msichana alikuwa anamtazama ndani ya kioo. Akafungua mdomo kwa mara ya kwanza.

"Hata mimi dada yangu alinisukuma," akanong'ona. "Alisema kovu limehama."

Mteja aliondoka na nywele nusu. Wakajaribu. Msichana akaingia stoo kwa hiari yake, msusi akafunga, akafungua. Yule yule. Wakarudia mpaka giza likaingia, na kila mara yule yule, uso umelowa machozi. Labda stoo haitoi bila kupokea, na wa upande wa pili naye sharti awe ndani saa ile ile. Labda dada wa huko bado hajainua macho kwenye kioo.

Msusi angempeleka wapi? Alimfunga kilemba akampeleka kwa mama. Mama yao alimkalisha mkekani, akamvua kilemba, akachovya kidole kwenye mafuta kama kila jioni, akapeleka mkono kwenye nyusi ya kulia ya msichana mwenyewe. Kidole kikabaki hewani. Bibi wa watu akamtazama msichana, akamtazama msusi, kisha akaupeleka mkono kushoto, akapaka taratibu. Usiku huo ndipo alipoanza kuacha mlango bila komeo, na hadi leo halifungi.

Asubuhi yake msusi aliingia stoo peke yake. Ilikuwa imefagiwa. Kwenye msumari wa kutundikia aproni palining'inia msuko mmoja mwembamba, nywele za miaka mingi, mrefu kuliko mkono wake, umekatwa karibu na ngozi. Akaushika. Ulikuwa na joto. Kila msusi ana mkono wake, na huu ulikuwa mkono wa Chiriku juu ya nywele zake mwenyewe, vile anavyobana mwanzoni na kulegeza mwishoni. Akaupeleka mlangoni, kwenye mwanga.

Chiriku aliyesukumwa humo jana alikuwa hajafika hata miaka ishirini. Msuko wote, tangu mzizi hadi ncha, ulikuwa mvi.