Ritani ya Nasreen Imekwama Wapi?

Nasreen alikuwa fundi cherehani wa Faza, mji wa kisiwani karibu na Lamu. Kila asubuhi, mwanawe Razan akishakwenda shule, alifungua dirisha la chumba cha mbele, akakitia mafuta cherehani chake, akaanza kazi. Alishona sare za wanafunzi, mapazia, na madera ya wanawake wa mtaani. Biashara ile aliisajili mwenyewe, kwa jina lake, na aliipenda.

Siku moja ya mwezi wa Februari, Huwaida alifika mbio. Huwaida alikuwa rafiki yake, na kazi zikizidi alimsaidia kutia vifungo.

"Soma hapa," alisema, akampa simu yake. "Wanatafuta mtu wa kushona mashuka na nguo za wagonjwa. Ni za zahanati za visiwani, na ya Kiunga pia. Kazi hii imetengewa wanawake."

Ilikuwa zabuni. Kazi inatangazwa, watu wanaiomba kwa maandishi, anayefaa anapewa. Nasreen alisoma polepole, mstari kwa mstari. Kitambulisho anacho. Cheti cha biashara anacho. Sampuli za kazi yake zimejaa chumbani. Kitu kimoja tu hakuwa nacho: cheti cha KRA, mamlaka ya kodi, cha kuonyesha kwamba mwombaji ametimiza wajibu wake wa kodi. Na mwisho wa kupeleka maombi ulikuwa Ijumaa ya wiki iliyofuata.

Jioni mumewe, Kamaludin, alirudi kutoka kazini. Yeye hutengeneza injini za boti. Nasreen alimngoja ale kwanza.

"Baba Razan, ile ritani yangu uliyokwenda kuituma Lamu mwaka jana, imefika wapi?"

Ritani ni taarifa ya mwaka. Kila mwenye PIN, nambari ya mlipakodi, huieleza KRA mapato aliyopata mwaka uliopita.

"Niliituma," Kamaludin alijibu. "Bado wanaishughulikia. Mambo ya kodi huchukua muda. Wakimaliza watapiga simu."

"Tangu Juni?"

"Serikali haikimbizwi, Nasreen."

Nasreen hakubisha. Miezi yote hiyo hata yeye aliamini hivyo. Lakini sasa moyo haukutulia. Akiendelea kungoja, kazi ile ataipata mwingine.

"Kesho nitakwenda kumuuliza Bi Rael," alisema.

Bi Rael alikuwa jirani yao, mhasibu wa chama cha akiba na mikopo. Alihamia Faza kutoka Kitale, na sasa alijua kila mlango wa mtaa.

"Tupeleke mambo ya nyumbani kwa jirani?" Kamaludin aliuliza. Uso wake ulikuwa mzito.

"Si mambo ya nyumbani. Natafuta ndia ya kazi yangu. Ukitaka, twende pamoya."

Asubuhi walikwenda wote wawili. Nasreen aliketi karibu na Bi Rael. Kamaludin alisimama mlangoni, mikono nyuma. Bi Rael alimwomba Nasreen aandike PIN na nywila yake mwenyewe kwenye kompyuta, wakaifungua akaunti yake ya iTax, mahali ambapo mambo ya kodi hufanywa mtandaoni.

Bi Rael alitazama kwa muda. Kisha akasema, "Bi Nasreen, ritani ya mwaka juzi haipo. Haingoji kushughulikiwa. Haijafika kabisa."

"Haiwezekani," Kamaludin alisema. "Niliijaza kwa mkono wangu kwenye kompyuta ya duka la Lamu. Ikaandika kuwa imehifadhiwa. Boti ya kurudi bandari ya Mtangawanda ilikuwa inaondoka, nikatoka mbio."

"Kuhifadhi si kutuma, Bwana Kamaludin. Ulichohifadhi kilibaki kwenye kompyuta ile. Ritani ikifika, unapata risiti pale pale, yenye nambari yake. Wewe uliipata?"

"Sikupata," Kamaludin alisema.

Nasreen alihisi hasira inampanda. Miezi yote ile walikuwa wakingoja kitu ambacho hakikutoka dukani. Alimtazama mumewe, akamwona ameinamisha kichwa. Akaimeza hasira yake. Siku za kugombana hazikuwepo.

"Bi Rael, nieleze vizuri," alisema. "Ritani huchukua muda gani?"

"Inategemea unangoja nini," Bi Rael alijibu. "Ritani yenyewe inapokelewa papo hapo ukiituma mtandaoni. Cheti unachokitaka, kama hakuna ritani inayokosekana wala deni la kodi, kwa kawaida hutoka kwa siku chache. Kinachochukua miezi ni kurudishiwa pesa. Mtu amekatwa kodi zaidi ya inavyotakiwa, anaomba arudishiwe, na KRA lazima wakague kwanza. Sheria inawapa kama miezi mitatu kuamua, na zaidi wakihitaji kuchunguza hesabu zake. Hata huyo halali tu nyumbani. Anapewa nambari ya ombi, anafuatilia."

"Basi tutume sifuri, tumalize leo," Kamaludin alisema.

"Ritani ya sifuri ni ya mtu ambaye hakupata chochote mwaka mzima. Bi Nasreen aliuza. Akisema hakuuza, atakuwa amedanganya."

"Sitaki uongo kwenye kazi yangu," Nasreen alisema. "Niambie nilete nini."

"Leta mauzo yako na gharama zako za mwaka ule."

Nasreen alikwenda nyumbani, akarudi na risiti za vitambaa na nyuzi. Taarifa ya M-Pesa aliiomba kwa simu. Walikaa wakijumlisha na kutoa. Mwisho waliona kwamba, gharama zikishatolewa, mapato yake hayakufika kiwango cha kutozwa kodi.

"Kwa hiyo sikuhitaji kutuma?" aliuliza.

"Ulihitaji. Kutodaiwa kodi ni jambo moja, kutuma ritani ni jambo jingine. Na kwa kuwa umechelewa, kuna faini. Kwa mtu kama wewe ni shilingi elfu mbili."

Nasreen alivuta pumzi. Pesa hizo alikuwa ameziweka za kununulia kitambaa. "Nitalipa," alisema.

Hesabu zile waliziandika kwenye faili la ritani, na Bi Rael akamwonyesha mahali pa kulipakia. Nasreen akabonyeza mwenyewe. Mtandao ukakatika. Akarudia, ukakatika tena. Adhana ya adhuhuri ikasikika. Waliswali, wakarudi, na mtandao ulikuwa bado unasuasua.

"Turudi kesho," Kamaludin alisema.

"Nenda ukapumzike, Baba Razan. Mimi siondoki hapa bila risiti."

Kamaludin alitoka. Nasreen alidhani amekwenda zake nyumbani. Lakini alirudi na chupa ya chai na mahamri, akavuta kiti, akaketi karibu na mkewe.

"Bonyeza tena," alisema.

Safari hii faili lilipita. Kwenye kompyuta ilitokea risiti, ina jina la Nasreen, mwaka wa ritani na nambari. Aliisoma mara mbili. Bi Rael akaichapisha. Kisha Nasreen alilipa faini kwa M-Pesa, na malipo yalipoonekana kwenye akaunti, akaomba cheti.

"Ritani ya mwaka jana una muda hadi mwisho wa Juni," Bi Rael alimwambia walipokuwa wakiondoka. "Lakini usingoje wiki ya mwisho. Kila mtu huwa mtandaoni wakati huo."

Siku zilipita. Nasreen alishona sampuli zake, shuka moja na gauni moja la mgonjwa, mishono iliyonyooka. Jumanne ikafika, na cheti hakikuonekana kwenye simu yake.

"Waona," Kamaludin alisema kwa upole. "Nilikwambia huchukua muda."

"Huenda," Nasreen alijibu. "Lakini safari hii nataka kujua kimekwama wapi."

Hakumwita mtu. Aliifungua akaunti yake mwenyewe kwenye simu, kama alivyoonyeshwa, akatafuta ombi lake kwa nambari. Ombi lilikuwa limekubaliwa tangu jana yake. Cheti kilitumwa kwa barua pepe. Akaitazama anwani ya barua pepe. Haikuwa yake. Ilikuwa ya mtu wa duka la kompyuta aliyemsajilia PIN zamani, kabla Razan hajazaliwa. Kila kitu kilikuwa kikienda kwa mtu huyo.

Alikwenda kwa Bi Rael. Bi Rael alishika kichwa. "Hilo hata mimi sikulikagua," alisema. Waliibadilisha anwani, wakaweka ya Nasreen. Nakala ya cheti waliitoa kutoka kwenye akaunti yake na kuichapisha.

Alhamisi Nasreen alipanda pikipiki hadi Mtangawanda, akachukua boti hadi Lamu. Aliitia bahasha yake kwenye sanduku la zabuni kwa mkono wake mwenyewe, siku moja kabla ya mwisho.

Mwezi wa Aprili alipigiwa simu. Amepata kazi. Alimwajiri Huwaida na mwanamke mwingine, na cherehani cha pili kikaingia chumba cha mbele. Hata kazi ilipowabana, Nasreen aliituma ritani ya mwaka uliopita mwezi ule ule. Kamaludin naye alituma yake, na risiti yake akaibandika ndani ya mlango wa kabati.

Mashuka ya Kiunga Nasreen aliyapeleka mwenyewe. Alikuwa hajawahi kufika huko. Muuguzi wa zahanati alilipokea furushi, akalifungua, akatandika shuka moja kitandani mbele yake. Mama mmoja aliyejifungua usiku uliopita alikuwa amekaa kwenye benchi na mtoto wake.

"Njoo ulale hapa," muuguzi alimwambia. "Hili ni jipya."

Mama yule alijinyoosha taratibu, akamlaza mtoto ubavuni. Alipitisha kiganja juu ya shuka, akagusa upindo.

"Ameshona nani?" aliuliza.

"Mimi," Nasreen alisema.