Ndimu Sita za Sikudhani

Sikudhani ana miaka sita. Leo anapanda mlima na Mjomba Kibwana na kaka yake, Hamadi. Watalala kwenye hema.

Mjomba Kibwana ni mpagazi. Kwake, kila mtu hubeba mzigo wake, na kila mzigo hupimwa.

Akautundika mkoba wa Sikudhani kwenye mizani. "Umezidi. Umeweka nini humu?"

"Ndimu sita."

"Tunakwenda mlimani, mama, hatuendi gengeni. Zitoe."

Sikudhani akatoa mwanasesere. Akatoa viatu vya kubadilisha. Ndimu hakuzitoa.

"Nimezibeba mimi. Sizitupi mimi."

"Haya," akasema Mjomba. "Lakini ukisema umechoka, sote tunarudi nyumbani."

Wakapanda. Gudu, gudu, gudu. Ndimu zikamgonga Sikudhani mgongoni.

"Mgongo unauma?" akauliza Hamadi.

"Unauma."

"Basi tupa mbili tu."

"Nimezibeba mimi. Sizitupi mimi."

Wakapumzika, wakanywa maji. Maji yalichemshwa kwa kuni. Yalinuka moshi. Hamadi akakunja uso.

Sikudhani akakamua ndimu. Chwii! Hamadi akanywa, akaleta kikombe tena.

"Ulisema nitupe ngapi?"

Hamadi akanywa hadi tone la mwisho.

Wakaingia msituni. Majani yalikuwa yameloa.

"Ruba! Ruba mguuni!" Hamadi akarukaruka. Ruba mweusi alikuwa ameng'ang'ania, ananyonya damu.

"Tulia basi," akasema Sikudhani. Akamkamulia ndimu. Chwii! Ruba akajikunja, akaanguka. Pwa.

Njia ikawa kali. Mkoba ukamlemea Sikudhani. Akasimama.

Mjomba akageuka. "Umechoka?"

Hamadi akamtazama dada yake. Hakutaka kurudi.

"Nimesimama tu," akasema Sikudhani. Akaendelea. Gudu. Gudu. Gudu.

Wakafika. Hema likasimama. Mjomba akapika dagaa, wakala wakashiba.

Mjomba akanusa vidole vyake. Vilinuka dagaa.

"Sikudhani, mama, nipe ndimu ninawe mikono."

"Si ulisema nizitoe?"

"Nilisema."

"Nani amezibeba?"

"Umezibeba wewe," akasema Mjomba. "Na hukuzitupa wewe."

Sikudhani akakata moja, akampa nusu. Nusu nyingine akaiweka kwa ajili ya chai ya asubuhi.

Hema likafungwa. Zip! Sikudhani akavuta blanketi hadi kidevuni. Sasa hakuna wa kumrudisha mtu nyumbani.

"Mjomba."

"Naam?"

"Nimechoka."

Akalala.