Bomba Lililoachwa Nje ya Filamu

Kila asubuhi Baba alikwenda moja kwa moja kwenye mabwawa yake ya samaki. Aliwarushia chakula kwa mikono miwili. Sato waliruka juu ya maji, naye akacheka peke yake.

Mwezi huo binti yake alikuwa nyumbani. Kazi yake ni kutengeneza filamu za maisha halisi ya watu. Safari hii alimrekodi baba yake mwenyewe.

Siku moja alielekeza kamera kwenye bomba nyuma ya bwawa. Maji ya kijani, yenye harufu, yalimwagika kijitoni.

"Hapo usirekodi, mwanangu," Baba alisema. "Unataka kunianika?"

Binti akageuza kamera. Baba ni baba.

Filamu ilionyeshwa kwenye ukumbi wa shule. Watu walipiga makofi. Kisha Shangazi, dada yake Baba, akasimama. Yeye anaishi bondeni, kijito kinakopita.

"Hongera, mwanangu. Samaki wamependeza kuliko bibi harusi," alisema. Watu wakacheka. "Lakini sisi wa bondeni hatumo. Maji yananuka. Wajukuu zangu wanajikuna mpaka ngozi inatoka. Hilo bomba hukuliona?"

Binti alitamani ardhi ipasuke immeze.

"Nililiona, Shangazi," alijibu kwa sauti ndogo. "Nikageuza kamera."

Baba aliinamisha kichwa.

Kesho yake alikwenda kumwita bwana samaki, mtaalamu wa ufugaji. Mtaalamu alichota maji ya bwawa kwa gilasi, akayainua juani.

"Mzee, unawalisha kupita kiasi. Kinachobaki kinaoza pamoja na kinyesi chao. Ukimwaga uchafu huo kijitoni, unamaliza hewa iliyomo majini. Viumbe wa huko wanakufa."

"Sasa nifunge mabwawa?"

"La, hasha! Walishe kidogokidogo. Wakiacha kula, na wewe acha. Halafu chimba bwawa la kutulizia maji machafu. Tope likishuka chini, maji yale mwagilia bustani. Hiyo ni mbolea! Kijitoni yasiende tena."

Baba na binti walichimba pamoja mpaka viganja vikatoka malengelenge. Bomba wakaling'oa. Kamera ilirekodi yote. Baba alisimama mbele yake, jasho likimtiririka.

"Nilimmwagia dada yangu uchafu," alisema. "Nilijua. Nikanyamaza."

Binti naye akaingia kwenye picha.

"Na mimi nilimfichia siri," alisema.

Mvua zilipopita, mboga zilistawi na kijito kikatakata. Shangazi akarudi kuteka maji. Baba alimkuta hapo, akamtwisha ndoo bila kumtazama usoni.

"Kaka, mbona unaangalia chini?"

"Aibu, dada yangu."

"Basi angalia vizuri," Shangazi alisema, akimwonyesha kijito. "Siku hizi mchanga unaonekana."