Mvua ya Kwanza ya Selembe

Wiki ya kwanza ya Januari, duka la kuchapa lililo karibu na stendi ya Tabora hujaa watu wanaotaka kalenda: kwaya, vikoba, wauza mbegu. Elieth, amevaa gauni la njano lililonyooshwa kwa pasi hadi kwenye pindo, alikuwa amehudumia nusu ya foleni bila kuinua macho. Kijana mrefu, viatu vyake vyekundu kwa vumbi, akampa flashi yenye kalenda, naye akaifungua kwenye kompyuta.

"Kaka, mwezi wako wa kwanza hauna tarehe."

"Hauna, dada. Unaanza mvua ya kwanza ikituliza vumbi."

"Na mwaka wenyewe ni wa ngapi?"

"Hauna namba. Hupewa jina ukiisha."

"Basi rudi ukiisha, nikuchapie."

Foleni nzima ilicheka. Kijana aliwashinda wote kwa kucheka, na hapo ndipo Elieth alipomtazama usoni.

Aliitwa Sixbert, mwalimu wa jiografia huko Ulyankulu. Alikuwa akiandika hadithi ya watoto kuhusu Selembe, nchi ya kubuni ambayo watu wake wote ni wapagazi wa misafara. Watu wasiokaa mahali pamoja, alieleza, hawatundiki kalenda ukutani. Huhesabu miezi kwa mvua, asali na moshi wa mashamba.

Kufikia Pasaka walikuwa wapenzi, na kalenda ya Selembe ikawa lugha yao ya simu.

"Leo kwetu ni lini, malkia?"

"Mwezi wa Asali, siku ya nyuki wakali. Usinisogelee."

"Na nikija na mishikaki?"

"Mishikaki isogee. Wewe baki hukohuko."

Oktoba Sixbert alisema wazee wake wangeleta posa Cheyo, nyumbani kwa kina Elieth, siku ya tatu ya mwezi wa Tua. Maana yake, siku ya tatu baada ya mvua ya kwanza.

"Nipe tarehe ya kweli, Sixbert."

"Hiyo ndiyo ya kweli, mama. Ni yetu."

Elieth hakuwahi kuchapa kadi ya mtu bila kuihakiki mara mbili. Hili hakulihakiki. Alimwambia baba yake, Mzee Gerson, kama alivyoambiwa.

Mvua ilianza Ulyankulu. Tabora mjini halikudondoka tone. Siku ya tatu, mshenga Mzee Vedasto na wenzake wawili walibisha hodi Cheyo, vifungo vyote vya makoti vimefungwa. Elieth alikuwa dukani. Mzee Gerson aliteremka kwenye ngazi akiwa na suruali ya kazi; alikuwa akitengeneza mfereji wa paa, kuisubiri mvua hiyohiyo.

"Wazee wangu, leo hatukuwatarajia," alisema kwa adabu. "Karibuni maji, lakini neno hilo si la leo."

Mzee Vedasto aliingia nchini mwaka wa sabini na mbili, mgongoni kwa mama yake, akitoka Burundi. Neno "hatukuwatarajia" alikuwa amelisikia kwenye milango mingi. Aliaga bila kunywa maji.

Jioni Elieth alipiga simu.

"Wazee wamerudishwa mlangoni," Sixbert alisema. "Nimeelewa."

"Umeelewa nini? Mpenzi, nisikilize."

Simu ilikatika. Namba yake haikupatikana tena.

Wiki iliyofuata mvua ilipiga bati la duka, vumbi la stendi likatulia, na Elieth akajua kosa lilikuwa wapi. Alikwenda Ulyankulu. Shule ilikuwa imefungwa kwa likizo. Mlango wa Sixbert ulikuwa na kufuli.

Machi Sixbert alikuja mwenyewe dukani, amevaa shati jipya la kitenge. Wanafunzi wake walikuwa wamechora grafu ya mvua ya mkoa, na aliposahihisha ya kwanza tu, alisimamisha kalamu kwenye mstari wa Tabora mjini.

"Kwenu ilichelewa," alisema.

"Najua. Nilikufuata hadi mlangoni kwako."

"Elieth. Wazee wamekwisha kunitolea mahari Kasulu. Naweza kuirudisha."

"Ulipoambiwa wamerudi, ulidhani nini?"

"Kwamba baba yako hataki mtoto wa wakimbizi."

"Na mimi?"

Sixbert aliangalia kaunta. "Nilidhani mmekubaliana."

"Miezi yote ile unaniita malkia."

"Nilikosa. Niambie nirudishe mahari, nitairudisha kesho."

"Huyo wa Kasulu amekosa nini?"

"Hana kosa."

"Anaitwa nani?"

"Advera."

"Yeye mpe tarehe za kila mtu, Sixbert. Asije akasubiri mvua."

Sixbert akatoka. Mteja aliyefuata alitaka risala ya kipaimara, nakala ishirini. Elieth alimwomba avumilie. Akaenda nyuma, akaiwasha mashine kubwa bila kuitia karatasi, akaiacha ingurume mpaka alipoweza kurudi kaunta.