Glasi Iliyofunikwa kwa Mkate

Usinihurumie. Ukishanisikiliza mpaka mwisho hutanihurumia hata hivyo, basi tuokoe muda.

Kazi yangu ni kuwatembeza watu wale na wanywe. Wageni wanakuja hapa Jerez, kusini mwa Hispania, nami nawazungusha kwenye vilabu vya mvinyo vya mtaa wa San Miguel kwa miguu. Hapa zeituni, pale jibini, kule mkia wa fahali uliochemshwa mpaka nyama inaachia mfupa. Katikati nawapa vijihadithi. Mdomo ninao, alhamdulillahi ya Kikristo, na mdomo huo ndio ulioniponza.

Jioni ile ya Januari kikundi kilikuwa kigumu kama mkate wa juzi. Baridi. Manyunyu ya mvua. Na mama mmoja wa Kiholanzi, jina lake Marijke, alikuwa akinusa kila glasi kama anayekagua dawa iliyopitwa na wakati.

"Mkavu mno, hauna utamu," alisema kwenye kilabu cha kwanza.

"Mkavu mno," alisema kwenye cha pili. Mumewe akaitikia kwa kichwa, na wengine nao wakaanza kuitikia. Hakuna aliyecheka utani wangu hata mmoja. Nilikuwa nimeudhika, tena nimeudhika hasa.

Tulipotoka kilabu cha pili jua lilikuwa limekwisha kuzama. Ndipo nikasikia nyuma yetu...

Tok... tok... tok.

Mwanamume alikuwa akitufuata. Kofia bapa, koti la buluu la kazi kama yale ya wafanyakazi wa maghala ya mvinyo zamani. Alikuwa ameloa chepechepe, wakati sisi mvua ilikuwa imetugusa mabega tu. Alikuwa akipita akigonga ukuta kwa kifundo cha kidole, polepole, ameinamisha sikio.

Nikamsogelea. "Bwana, wewe uko kwenye kikundi changu?"

"Nawafuata tu, binti," alinong'ona, kwa lafudhi yetu ya hapahapa. "Nyie nendeni."

Mdoezi, nikajisemea. Wako wengi hapa mjini, wanajipenyeza kwenye vikundi ili waambulie glasi ya bure. Alikuwa na harufu ya salfa, ile inayochomwa ndani ya mapipa kuyasafisha, na harufu ya ghala lisilofunguliwa. Ningemfukuza. Lakini sikuwa na nguvu za kugombana mvuani, basi nikamwacha.

Kilabu cha tatu kilikuwa cha mjomba wangu Eladio.

Mjomba ndiye aliyenilea. Mama yangu Rosario, dada yake, alifariki nikiwa sijajua hata kufunga viatu, naye mzee yule kapera akanichukua, akanisuka nywele vibaya, akanipeleka shule na misuko iliyopinda kichwani, na akampiga ngumi mwalimu aliyenicheka. Sikuwa na mtu mwingine duniani. Hilo ulijue.

Mjomba alikuwa na glasi moja asiyoiuza. Kila jioni aliimimina, akaiweka mwisho wa kaunta, akaifunika kwa kipande cha mkate na paja la nguruwe lililokaushwa. Mahali pengine kwetu watu wanafunika glasi kuzuia nzi. Hii haikuwa ya nzi. Ilikuwa ya mdogo wake, Cayetano, ambaye mimi sikumwahi.

Wawili hao walikuwa wakifanya kazi ghalani. Siku moja ilikuwa zamu ya Mjomba kuingia kwenye tangi kubwa kulisafisha. Mjomba alikuwa bado ana pombe ya jana kichwani, hawezi hata kusimama. Cayetano akamwambia, lala kaka, naingia mimi. Hewa mbaya ya mvinyo unaochacha ikamkuta humo ndani. Walimtoa amekwisha.

"Ana kiu," Mjomba aliniambia nikiwa mdogo. "Namwekea harufu tu, aridhike. Mkate ule asiuondoe mtu. Mgeni akiuondoa, si neno, mgeni hajui kitu. Lakini mmoja wa damu yetu akimfunulia, ataona amekaribishwa. Na Cayetano hakuzoea kunywa peke yake."

"Sasa ikitokea?"

"Aliyefunua afunike, kwa mkono wake mwenyewe, amwombe radhi. Basi. Si mtu mbaya, yule. Ni mpweke."

Nililijua hilo tangu utotoni. Siwezi kusema sikujua.

Tulipoingia, Mjomba alikuwa akipangusa kaunta. "Umechelewa, we mtoto! Wageni wako wameloa kama kuku wa mtaani."

"Mjomba wangu mzuri, niokoe. Leo hawacheki, hawali. Toa ule mvinyo wako wa akiba."

"Ukiniita mzuri najua una shida." Akanipiga kofi la upendo kisogoni, akawamiminia wageni, kisha akaingia jikoni kuwakaangia nyama ya nguruwe. Kengele ndogo ya mlangoni ilikuwa bado inatikisika nyuma yetu.

Marijke akaona. "Na ile glasi? Mbona imefunikwa?"

Ningeweza kusema ni ya nzi. Nilikuwa nasema hivyo kila jioni.

"Hiyo ni ya marehemu," nikasema. "Mjomba ameifunika, maana marehemu akishaonja anaanza kuimba, na sauti hana!"

Wakacheka. Wote! Hata mume wa Marijke. Ebo, baada ya jioni nzima ya nyuso zilizonuna, kicheko kile kilinipanda kichwani kuliko mvinyo.

Kwenye kona, karibu na sikio langu, sauti ikanong'ona.

"Wewe mwenyewe unaamini?"

Yule mdoezi.

"Mimi? Hata!"

"Basi funua." Midomo yake ilikuwa na rangi ya kijivu. "Mimi sijapata glasi, binti."

Kweli hakuwa na glasi. Wageni walikuwa wananitazama, bado wanatabasamu, wanangoja kichekesho kingine. Jikoni mafuta yalikuwa yakichemka...

Nikauondoa mkate.

Nikamkabidhi glasi. Vidole vyake vilivyonigusa vilikuwa baridi, vimekunjamana kama vya mtu aliyelala majini. Akainywa yote kwa mkupuo mmoja. Nilikuwa karibu naye kabisa, na sikumsikia akivuta pumzi. Kabla hajanywa, wala baada ya kunywa.

"Ahsante," akanong'ona, "binti wa Rosario."

Sikuwa nimemtajia mtu yeyote jina la mama yangu.

Nikageuka kuweka glasi kaunta. Nilipogeuka tena, hakuwepo. Kengele ya mlangoni haikulia. Sakafuni palikuwa na dimbwi dogo tu.

Mjomba akatoka jikoni na sahani ya nyama inayotoa moshi. Akaona mkate peke yake juu ya kaunta. Akaona glasi tupu. Akaitua sahani kwenye kaunta.

"Nani amefunua?"

Wageni wakaangalia glasi zao.

Alikwisha kuniambia, nikiigusa glasi ile kwa ajili ya wageni wangu, mimi na wageni wangu tusikanyage tena kwake. Lakini si hilo lililonizuia kusema kweli. Ukitaka ukweli, niliona aibu. Nilimcheka ndugu yake mbele ya watu ili nipate kicheko, basi, kicheko tu. Nikamtazama usoni mtu aliyenilea.

"Wageni, Mjomba."

"Mgeni?"

"Mgeni."

Akashusha pumzi. Akatabasamu kabisa, maskini. "Ah, si neno. Mgeni hajui kitu." Akamimina nyingine, akaifunika. Kwa mkono wake. Mkono usiostahili. Nami nilisimama pale nikimwangalia, nikajiambia, nitamwambia baadaye, wageni wakishaondoka. Nitamwambia tukiwa wawili.

Tulipokuwa tunatoka akanishika mkono. "Chelo. Una uhakika?"

"Hakika, Mjomba."

Nje mvua ilikuwa imekatika. Marijke akaja kutembea nami, amechangamka sasa, amenishika kiwiko.

"Mchezo wako ule ulinipendeza sana," akasema. "Kuongea na kona. Lakini kwa nini uliumwaga?"

"Nilimwaga nini?"

"Mvinyo! Uliinyoosha glasi ukaumwaga wote sakafuni. Nilisikitika, ujue. Ule ndio pekee ulionukia vizuri."

"Yule bwana mwenye kofia, nyuma yetu..."

"Bwana gani, mpenzi?"

Nikawaambia wasubiri. Nikakimbia.

Nikiwa bado uchochoroni nilisikia. Tok... tok... Sauti ilikuwa ikitoka stoo ya Mjomba, kwenye mapipa. Ndivyo watu wa ghala wanavyopima pipa, wanagonga wakisikiliza mvinyo umefika wapi. Tok... tok... Kisha ya pili ikaijibu ya kwanza, kutoka upande mwingine.

Tok.

Walikuwa wawili.

"Mjomba! Ni mimi!" nikapiga kelele nikiusukuma mlango. "Ni mimi niliyefunua! Mjomba, ni mimi!"

Kugonga kukakoma.

Nikaipita kaunta. Glasi ilikuwa mahali pake, mkate juu, lakini ndani haikuwa na tone. Nikaingia stoo. Mjomba alikuwa ameketi chini, ameegemea pipa, macho wazi, kidole bado kimekunjwa tayari kugonga. Kando yake glasi mbili zilizokwisha kunywewa. Shati lake lilikuwa kavu, isipokuwa bega moja. Bega lile lilikuwa limelowa chepechepe, kama la mtu aliyekumbatiwa na mwenzake atokaye mvuani.

Nilimshika. Nilimwambia tena na tena, ni mimi, ni mimi. Kumwambia maiti ni rahisi, kila mtu anaweza.

Daktari alisema ni moyo. Mzee, baridi, ngazi za stoo. Na yule mwenye kofia? Labda kweli alikuwa mdoezi, na Marijke alikuwa amekwisha kulewa. Majirani wananiambia nisijitese. Mwanamke wa duka la mikate analia akiniona. "Alikuwa akikusifu kila siku, Chelo," ananiambia. "Alikuwa akisema, yule msichana hajawahi kunidanganya." Nami nachukua mkate, nasema ahsante.

Nimekifungua kilabu tena. Kila jioni namimina glasi mbili mwisho wa kaunta, nazifunika kwa mkono wangu, naomba radhi kwa sauti. Kumbe radhi hiyo ina wakati wake, na wakati wake umepita.

Maana kila nikiwa na kikundi, giza likianza kuingia, nageuka nyuma naziona kofia mbili. Wanatufuata polepole, mmoja upande huu wa uchochoro, mmoja upande ule. Tok... tok... Tukifika kwenye kona ya kilabu mmoja wao ananisogelea. Ana aproni. Ananukia salfa, na chini ya salfa, mafuta ya nyama ya kukaanga, harufu ya utoto wangu wote. Hanikasirikii. Laiti angenikasirikia! Anauliza taratibu tu, kama mtu aliyesahau kitu kidogo.

"Chelo... nani alifunua?"

Ninalo jibu. Nalirudia nyumbani mbele ya kioo. Maneno mawili tu, na nadhani akiyasikia atakwenda akapumzike. Lakini namwangalia usoni, naona bado ananiamini, na ulimi unakufa.

"Wageni, Mjomba."

Naye anaitikia kwa kichwa. Kisha anawageukia wageni wangu, anawatazama usoni, mmoja baada ya mwingine, anatafuta.

Jana msichana mmoja wa kikundi, mchangamfu, amekuja na mama yake, alisimama ghafla uchochoroni. Akajishika bega. Akaniuliza ni nani anayegonga ukuta hivyo, na mbona koti lake yeye mwenyewe limelowa begani, upande mmoja.

Nikamwambia ni mabomba ya maji.