Mama Amekataa Picha

"Mama, njoo basi upige na kiongozi wetu! Moja tu, mama yangu!"

Hafsa, mmoja wa wageni kutoka Dar, alikuwa ameshainua simu. Mama Bertila, mwenye nyumba, alikuwa amepigwa picha na wageni wote saba, mmoja mmoja, anacheka mpaka pengo linaonekana. Lakini alipoona anayemjia safari hii ni Gerson, alijifunika khanga usoni, akageuza njia, akapotelea nyuma ya kihenge cha mahindi.

Wageni wakaangua kicheko.

"Msimshangae," Gerson alisema, akijipepea kwa kofia lake pana. "Washamba hawa. Wanaogopa kamera, wanadhani inanyonya damu."

Loo! Picha saba hazikumnyonya, ya nane ndiyo imnyonye? Lakini Gerson ndivyo alivyokuwa. Mtoto wa Tabora mjini, kapata wateja kutoka Dar, kanunua miwani ya jua na buti, kaanza kuwaita washamba watu wanaomlisha. Kazi yake ilikuwa kuwatembeza wageni kwa miguu kwenye njia ya zamani ya misafara, kutoka Tura hadi Tabora, siku sita, wakilala kwenye nyumba za wenyeji. Wageni walimwita kiongozi, na neno lenyewe lilikuwa limeshamlevya.

Jikoni, Advera aliacha kukata mboga.

Huyu Advera ndiye mchumba wa Gerson. Ana kibanda cha chakula Itetemia, Tabora mjini, ana miaka thelathini na moja, na kanisani kwao tangazo la ndoa yao lilikuwa limeshasomwa Jumapili mbili. La tatu lilikuwa lisomwe Jumapili hiyo inayokuja, kisha harusi. Tena ndoa ya Kikatoliki, ukishaingia umeingia. Kwenye safari hii alikuwemo kwa bahati tu. Mpishi wa Gerson aliugua malaria siku moja kabla ya kuondoka, na mwingine hakupatikana.

"Lakini njiani wewe ni mpishi," Gerson alimwambia. "Mambo ya uchumba tuyaache mjini. Wageni hawapendi."

Akakubali. Mapenzi yana ujinga wake jamani, tusemeje.

Sasa alisimama na kisu mkononi, akimkumbuka mama yake mzazi, Bi Apolinaria. Tangu barua ya posa ipokelewe, mama yake hajawahi kumpa Gerson mkono. Akimwona njiani anapita vichakani. Gerson akija nyumbani, mama anajifungia chumbani, salamu anaitoa akiwa nyuma ya ukuta. Ni heshima ya ukwe, mama mkwe na mkwe wake wa kiume hawatazamani usoni. Gerson alikuwa akicheka hadi machozi.

"Mama yako ananikimbia utadhani mimi fisi!"

Na huyu mama wa hapa, yeye alikuwa anakimbia nini?

"Dada, nipe mtoto, umechoka," Bertila alisema, akitua ndoo ya maji. Alikuwa binti mpole wa miaka kama ishirini na miwili, na tangu wageni wafike, mtoto wake alikuwa mgongoni kwa Advera.

"Hajanichosha. Anaitwa nani?"

"Elieza."

"Baba yake yuko wapi?"

Bertila akainamia ndoo. "Yuko kazini. Akiwa kazini hataki kusumbuliwa."

Advera alimshusha mtoto. Elieza, miguu bado haijashika vizuri, akaenda moja kwa moja uani hadi kwa Gerson, akamkumbatia buti. Gerson akamwinua kwa mkono mmoja, kama mtu anayetoa kuku mezani.

"Jamani, mchukueni mtoto wenu! Atanichafulia suruali."

Bertila alikimbia. "Samahani, kiongozi," akasema, akaondoka na mtoto bila kumtazama mtu.

Advera aliyaona yote kutoka jikoni. Akafuta mikono, akazunguka nyuma ya kihenge.

"Shikamoo tena, mama."

"Marahaba, mwanangu."

"Naomba unisaidie kumpelekea kiongozi maji ya kunawa. Mimi nina ugali jikoni."

"Mtume Bertila. Mimi yule siwezi kumpelekea maji."

"Amekukosea?"

"Hajanikosea. Ni heshima tu."

"Mama, mimi pia Mnyamwezi. Ni mkwe wako?"

Mama Bertila alitazama huku na huku, akashusha sauti. "Umeshaona mwenyewe, nikufiche nini? Kamuoa Bertila mwaka juzi. Mahari ilipokelewa uani hapa hapa, mume wangu Mayala akachinja mbuzi. Ya kanisani anasema itafuata. Sasa jana katuma ujumbe, tusimjue mbele za wageni, eti kazini kwao ni marufuku. Bertila anaweza kujifanya. Lakini mimi, mkwe wangu nitamkodolea macho vipi?"

Advera aliegemea kihenge. Machozi hayakuja. Hasira iliyawahi.

"Na wewe, mwanangu, mbona umebadilika hivyo? Kwani ni nani wake?"

"Jumapili hii kanisani kwetu wanasoma tangazo la tatu, mama. La kwangu na lake."

Mama Bertila akashika mdomo.

Hadi saa kumi na mbili, jua halijazama, mikeka ilikuwa imetandikwa uani. Mzee Mayala alikuwa porini siku nne akirina asali, kwa hiyo mwanaume aliyejitanua pale alikuwa Gerson peke yake. Alikuwa akiwahutubia wageni juu ya wapagazi wa zamani, walivyobeba pembe za ndovu mabegani kwenye njia ile ile. Yeye mwenyewe begi lake alikuwa amelipandisha juu ya punda tangu Tura.

Advera aliweka ugali, kuku na mlenda wa karanga. Halafu akakaa.

"Kiongozi," alisema kwa sauti tamu, "wageni wetu wanapenda mila. Hebu waelezee, mama mkwe na mkwe wake wa kiume, kwetu huku, wanaishije?"

Gerson akarudisha tonge sahanini. Mtu huyu ukimuuliza mila alikuwa hasikii njaa.

"Swali zuri sana, mpishi wetu! Hapo ndipo mtaona undani wa Wanyamwezi. Mama mkwe na mkwe hawatazamani. Hawapeani mkono. Hawali pamoja, hata maji hawezi kumletea. Mama akimwona mkwe anakuja, anajifunika uso, anageuza njia, anaweza hata kujificha nyuma ya..."

Sauti ikamkatikia hapo.

"Nyuma ya kihenge?" Hafsa akammalizia.

Wageni saba wakatazama kihenge, kisha wakamtazama Gerson, kisha mtoto Elieza aliyekuwa mapajani kwa Bertila. Hata mtu wa Dar hesabu hiyo aliiweza.

"Endelea, kiongozi," Advera alisema. "Watu wametoka mbali kukusikiliza."

"Advera, haya siyo mambo ya hapa."

"Ni ya hapa hapa, mkwe si ni wa hapa? Bertila, mdogo wangu, nisamehe, hukuambiwa. Mimi ni mchumba wake. Jumapili tunasomewa tangazo la mwisho."

Bertila akanyanyuka na mtoto. "Gerson, si uliniambia huyu ni mpishi?"

"Ni mpishi!"

"Na mimi? Mimi nani?"

"Bertila, tulia, usiniharibie kazi. Yale yalikuwa mambo ya kimila tu. Hayana cheti."

Mwanaume mzima! Kashikwa mchana kweupe na mdomo wake mwenyewe, na cha kujitetea alichokipata ndicho hicho. Afadhali hata angesingizia mashetani.

"Na Elieza?" Advera akauliza. "Naye tusubiri cheti ndiyo awe mwanao?"

Gerson akajipepea kwa kofia lake.

Ndipo Mama Bertila alipotoka nyuma ya nyumba. Khanga ilikuwa mabegani, uso wazi. Alipita katikati ya mikeka, akasimama mbele ya Gerson, akamtazama machoni. Gerson akainamisha kichwa haraka, maana pamoja na miwani yake yote ya jua, alikuwa anajua maana yake.

"Habari za jioni, kijana." Akamnyooshea mkono.

"Mama, hapana. Usifanye hivyo, mama."

"Nipe mkono. Wageni wote nimewapa. Wewe si mgeni kama wao?"

"Mama, nakuomba..."

Mama aliuchukua mwenyewe mkono wake, akautikisa mara tatu, akauachia. Bertila alianza kulia, kisha akajifuta. Alikuwa ameelewa. Mama mkwe akishakupa mkono, hapo ukwe umekwisha, na huyo binti si mkeo tena.

"Hafsa, mwanangu," mama alisema, akasimama bega kwa bega na Gerson. "Ile picha uliyoitaka. Haya, piga."

Hafsa akapiga. Mama Bertila alicheka mpaka pengo likaonekana.

Asubuhi, kabla ya kuondoka, Bertila alimsindikiza Advera hadi njiani.

"Dada, utasema kanisani?"

"Nitasema."

"Hutaona aibu?"

"Aibu ya kwake nikaibebe mimi? Mimi siyo mpagazi."

Bertila akacheka, mara ya kwanza tangu wafahamiane. Wakapeana namba za simu.

Siku mbili zilizobaki Gerson alitembea mbele peke yake, kofia kichwani, hamsemeshi mtu wala hasemeshwi. Njia wageni waliuliza kwa wanakijiji. Chakula alipika Advera, sahani saba za wageni na yake ya nane. Kiongozi alinunua biskuti.

Jumamosi jioni, Advera yuko nyumbani Itetemia, ujumbe wa Gerson ukaanza kuingia kwenye simu.

"Mpenzi nisamehe. Yule wa kijijini siyo hadhi yangu. Nyumba yao ndiyo pekee yenye nafasi ya kulaza wageni, ndiyo maana nikaoa pale. Wewe ndiye mke."

Advera alisoma mara mbili. Kumbe mwanaume alioa malazi! Kabla hajamaliza kushangaa, wa pili ukaingia.

"Fikiria una miaka 31. Ukinikataa na tangazo la tatu ni kesho, watu watakuonaje? Nani atakuoa?"

Roho ilimuuma, tusidanganyane. Alikuwa amempenda mtu huyu kwa miaka miwili, na gauni lilikuwa linaning'inia pale ukutani. Alilitazama gauni, akamjibu.

"Njoo kanisani kesho. Vaa suti."

Na akaja! Suti ya bluu, kiatu kinang'aa, akakaa benchi la tatu, akimtupia Advera tabasamu la mtu aliyesamehewa. Hakujiuliza hata kidogo. Mtu anayejipenda hivyo hana muda wa kujiuliza.

Baada ya komunyo, katekista Marko akafungua daftari.

"Tangazo la tatu na la mwisho. Gerson na Advera, wote wa parokia hii, wanakusudia kufunga ndoa takatifu. Mwenye kujua kizuizi chochote amwone paroko."

Advera akasimama.

"Baba Paroko, naomba nikuone hapa hapa."

Kanisa zima likageuka.

"Kizuizi kipo, na mimi ndiye ninayekijua. Bwana harusi ameoa kijijini, kati ya Goweko na Igalula, kwa mahari, na ana mtoto wa kiume anaitwa Elieza. Ameniandikia mwenyewe jana, ujumbe huu hapa. Mimi simtaki. Naomba jina langu lifutwe kwenye tangazo hilo."

"Gerson," paroko akauliza, "ni kweli?"

Gerson alitazama viatu vyake vinavyong'aa. Kisha akainuka, akashika njia ya mlangoni, haraka haraka, watu wakimpisha kama anayenuka.

Mlangoni alikuwa amesimama Bi Apolinaria. Tangu barua ya posa mama huyu alikuwa akikaa benchi la mwisho, upande wa mbali, ili asikutane na mkwe wake. Sasa alikuwa uso wazi, katikati ya mlango, na hakugeuza njia.

"Nenda salama, kijana," alisema, akamnyooshea mkono.

Pa kupita palikuwa hapana. Gerson akaushika ule mkono mbele ya kanisa zima, na safari hii hakucheka.