Pete Nyeusi Ndani ya Darubini

Kila alasiri, akishatoka shule na kuvua sare, Kidoti alipangusa vifaa vya baba yake: bakuli la mchanga laini, vitambaa vya pamba na ile darubini ndefu ya mezani. Baba alikuwa fundi wa vioo. Sasa kifua kilikuwa kimemlaza kitandani, na daktari alimkataza kabisa kusugua vioo tena, kwa kuwa vumbi lake ndilo lililomuumiza. Lenzi iliyokuwa ndani ya darubini ndiyo ilikuwa kazi yake ya mwisho.

Siku hiyo Kidoti aliifungua lenzi aipanguse, ikamponyoka. Haikuvunjika, ila ukingo wake ulimeguka, upana wa kidole hivi. Aliogopa kumwambia baba. Alikata pete pana ya kadibodi, akaipaka masizi, akaipachika mbele ya lenzi ndani ya bomba la darubini. Kovu halikuonekana tena.

Giza lilipoingia, shangazi alimwegemeza baba begani hadi uani, ilipowekwa darubini, akamketisha na kumfunika blanketi. Kila lenzi aliyosugua, fundi aliipima kwa nyota mbili zilizokaribiana mno, ambazo kwa macho matupu ni moja. Lenzi nzuri huzitenganisha, na hii ya mwisho ilikuwa bado haijapimwa.

Baba alichungulia. Akafuta jicho, akachungulia tena.

"Moja," alisema. "Imevimba kama tone la mafuta."

"Labda umechoka, kaka."

"Haya, chungulia wewe mwenye macho ya paka."

Shangazi alichungulia, akaguna. "Si uikuze zaidi?"

"Nikuze nini? Doa litakuwa doa kubwa, basi. Mkono wangu umekwisha. Kesho niwekee mchanga, nisugue upya."

"Kwa kifua hicho? Unataka tukuzike?"

"Siachi kazi mbovu nyuma yangu!" Akakohoa hadi blanketi likaanguka.

Kidoti aliliokota. "Baba, si mkono wako. Ni mimi." Akaing'oa pete, akaeleza yote huku akilia.

Baba aliinamia darubini kwa muda mrefu.

"Mbili," alinong'ona. "Na uzi wa giza katikati."

"Hata na kovu?" aliuliza Kidoti.

"Kovu limekula mwanga kidogo tu. Pete yako ilibana mdomo mzima. Mdomo wa darubini ukiwa mpana, vilivyokaribiana huachana. Ukiubana, hugandana."

Shangazi alimshika Kidoti bega. "Kuangusha ni bahati mbaya, mwanangu. Kuficha ndiko kungemrudisha baba yako kwenye vumbi. Ukikosea, sema papo hapo, kabla mwenzako hajaumia kwa sababu yako."

"Basi, dada," alisema baba. "Kidoti, njoo utazame, maadamu bado nipo nikushikie bomba."